Filimbi ya Migwani, Ngoma ya Sultan Hamud

Vijana wanaokuja kuniona hapa Kitui huanza na swali moja: "Mama, ninunue kamera gani?" Mimi huwaangalia miguuni kwanza. Kama umevaa viatu vya soli nyembamba, hakuna kamera itakayokusaidia. Ngoma zetu huchezwa juani, juu ya mchanga na miiba, na anayezirekodi husimama muda mrefu kuliko wachezaji, kwa sababu wachezaji hupumzika. Nunua viatu. Habari za kamera tutaongea baadaye.

Nimestaafu. Kazi yangu ilikuwa kutengeneza filamu za makala kuhusu nyimbo na ngoma za watu wetu, Kitui na Makueni, ili anayekuja nyuma azikute. Nilianza kwa kubeba nyaya, nikashika maikrofoni, mwisho nikashika kamera. Siku hizi mkono wangu wa kulia unatetemeka kidogo, na picha inayotetemeka inafaa kwa habari za tetemeko la ardhi tu. Kwa hiyo nimekaa, na kwa kuwa nimekaa, nina nafasi ya kuwasumbua ninyi.

Aliyenifundisha alikuwa Mzee Bakari wa Mwingi. Babu zake walitoka pwani kuja kufanya biashara, wakalowea, na yeye mwenyewe alizungumza Kikamba cha kutongozea na Kiswahili cha kuswalia. Alikuwa na studio ya picha za vitambulisho na harusi. Kabla ya kubonyeza kamera alisema bismillahi, na baada ya kuizima hakuondoka. Alikaa akanywa chai. Mara ya kwanza nilidhani ni uvivu.

"Bibie," aliniambia, "watu wakishaona umezima, ndipo wanaanza kuwa watu. Sasa washa tena."

Hilo ndilo somo kubwa nililopata kwake. La pili lilikuwa hili: usimwambie mtu arudie. Nililivunja huko Kanyangi, tukirekodi kilumi, ngoma ya akina mama wazee. Betri iliisha katikati ya wimbo nikapiga kelele, "Simameni kidogo, akina mama!" Hakuna hata aliyenitazama. Wimbo ule una mahali pake pa kwisha, na hapo hapakuwa mahali pake. Walipomaliza, mmoja aliyekuwa na jasho hadi kwenye vifundo akanijia akaniuliza kwa upole, "Mwanangu, ukiwa unajifungua, mkunga akisema simama kidogo, utasimama?" Tangu siku hiyo nilitembea na betri za akiba kiunoni kama mjenzi anavyotembea na misumari.

Mambo mengine mtayajua wenyewe, lakini nikiwapa bure yatawaokolea mwaka. Upepo wa Makueni ni mwizi wa sauti, kwa hiyo vika maikrofoni kipande cha blanketi kuukuu. Ngoma ndefu usiitegeshee maikrofoni mbele ya ngozi, itakupasua masikio. Iweke chini, mkiani, pale sauti nzito inapotokea. Kuku wafungiwe kabla hujaanza, na mwenye kuku aombwe, asiamrishwe. Na mtu mzee asikalishwe akitazama jua ili uso wake uonekane vizuri. Uso wake umeonekana miaka yote hiyo bila wewe.

Sasa niwasimulie kazi niliyoipenda kuliko zote. Ni ya karibuni, nilipokuwa najiandaa kuacha.

Mnajua mbeni. Ni ngoma ya kuruka: vijana, wavulana kwa wasichana, wanajirusha juu, wanapinduka hewani na kutua na mdundo. Mpiga ngoma amebana ngoma katikati ya mapaja, na kiongozi ana filimbi mdomoni, ile ya chuma kama ya refa. Migwani ilikuwa na mbeni yake, na mbeni hiyo ilikuwa na mruko wa mwisho ambao watu wa huko waliuita kwa jina moja tu, "ule." Ukimuuliza mzee yeyote wa soko la Migwani, atakuambia, "Ulikuwa unaona ule? Hukuona ule? Basi hukuona mbeni." Na hakuna kijana aliyewahi kuuona, kwa sababu kikundi kilivunjika kabla ya wengi wao kuzaliwa.

Walikuwa wamebaki watu wawili wanaoujua. Wa filimbi alikuwa Mzee Ngumbau, mkulima wa hapo hapo Migwani. Wa ngoma alikuwa Mzee Mulwa, ambaye alihamia Sultan Hamud na kufungua duka la vipuri vya baiskeli na pikipiki karibu na reli. Mrukaji wao, aliyeitwa Kilonzo, alikuwa amezikwa kwao Kanyangi.

Nilienda kwa Ngumbau kwanza. Binti yake Kanini alinipokea. Ni mama wa makamo, kiongozi wa kwaya ya kanisa, na nilijiandaa kuhubiriwa kuhusu ngoma za mashetani. Hakunihubiria.

"Mbeni haina shetani," alisema. "Pastor mwenyewe alisema ni mazoezi ya viungo. Shida yangu ni meno."

"Meno?"

"Muulize."

Mzee Ngumbau alifungua mdomo. Palikuwa na meno mawili ya mbele, juu, na hayo mawili yalikuwa yameoza kwenye mizizi. Shavu moja lilikuwa limevimba. Daktari wa meno mjini Kitui alitaka kuyang'oa, na mzee alikuwa anakataa, anasukutua maji ya chumvi na kunyamaza na maumivu.

"Haya ndiyo yanashika filimbi," aliniambia. "Yakitoka, upepo unatoka nayo. Mwiitu, binti yangu, nikimaliza kuwaonyesha watoto ule, hata taya wachukue."

Hapo mnaona kilichokuwa hatarini. Bila filimbi hakuna wa kuwaita warukaji, na filimbi ile ilikuwa inaning'inia kwenye meno mawili mabovu. Kanini alinivuta kando akaniambia maneno ambayo nimewarudia wanafunzi wangu wote: "Mama, baba yangu si sinema. Uvimbe ukipanda jichoni, sitakuuliza." Nikamwambia hatakuwa na haja ya kuniuliza, nitampeleka mzee kwa daktari mimi mwenyewe. Tulikwenda naye zahanati siku hiyo hiyo, akapewa dawa ya kutuliza uvimbe, na mhudumu akatuonya kwamba dawa hiyo inasogeza siku tu, haiponyi jino.

Nikatega kamera. Mzee akaweka filimbi mdomoni, akapuliza mara mbili, akaitoa.

"Ngoma iko wapi?"

"Tutaiweka baadaye, mzee. Wewe puliza, mimi nitaunganisha."

"Nipulize hivi hivi, peke yangu? Mimi ni polisi wa trafiki?"

Nikamwambia nitamleta Mulwa. Uso wake ukafunga kama duka.

Hawa wawili hawakuwa wakisalimiana. Zamani, kwenye mashindano, Kilonzo aliruka ule mbele ya umati, akatua vibaya, akaanguka kifudifudi, na Migwani ikashindwa. Ngumbau alisema Mulwa aliikimbiza ngoma. Mulwa alisema filimbi ya Ngumbau ilichelewa. Walibishana hadi wakaachana, na kila mmoja akaenda na nusu ya mbeni yake. Hivyo ndivyo ngoma nzima inavyoweza kufa bila mtu yeyote kufa.

Nikaenda Sultan Hamud. Mzee Mulwa alikuwa mtu mkubwa, mwenye mikono minene na mapaja ambayo bado yangeweza kubana ngoma hadi ilie yenyewe. Ngoma yake ilikuwa juu ya paa la mabati la duka, inaota jua ili ngozi ikaze. Jioni aliishusha akaifunika na gunia, kila siku, ingawa alikuwa hajaipiga mbele ya watu tangu wakati ule.

"Unatoka kwa Ngumbau?" aliuliza kabla sijakaa. "Bado ana meno?"

"Mawili."

"Mengi hayo. Nilidhani amekula yote kwa uongo."

Nilikuwa nimesahau kuzima kamera. Hapana, niseme ukweli wa kazi: sikusahau. Niliiacha iwake begani kama Mzee Bakari alivyonifundisha. Mulwa aliiona, akaisogelea, akaizungumzia kana kwamba Ngumbau amekaa ndani yake.

"Ngumbau! Wewe jogoo wa kuwika saa sita! Jua limeshatoka, watu wameshalima, wamekunywa chai, ndio unapuliza!" Kisha akabana ngoma, akapiga mbeni ya Migwani kuanzia mwanzo, na wateja waliokuwa wamefuata cheni na breki wakasimama nje na kusahau walichofuata.

Nilimpigia simu Mzee Bakari usiku huo nikamuuliza kama niyakate matusi kabla ya kumwonyesha Ngumbau. Alicheka hadi akakohoa. "Bibie, Wakamba wakigombana kwa wimbo ni heri yako. Ukipunguza matusi umepunguza wimbo. Peleka mzigo kama ulivyopewa."

Nikaupeleka. Ngumbau alitazama kwenye kompyuta yangu, kidole kwenye shavu. Alipofika kwenye jogoo, alikitoa kidole shavuni. Kisha akaniambia niwashe kamera.

"Mulwa! Afadhali mimi jogoo niliyechelewa. Wewe ni punda aliyeona nyumbani! Mzigo umeanguka njiani, wewe unakimbia tu, unakimbia, unaenda kula majani!"

Kanini, aliyekuwa amesimama mlangoni na sufuria ya uji, alilazimika kuiweka chini.

Basi nikawa mchukuzi wa matusi. Nilikwenda Sultan Hamud na punda, nikarudi Migwani na fisi, nikaenda tena na kobe. Kila tusi lilikuwa bora kuliko lililopita, na mengine yalianza kuwa na mahadhi, kisha beti. Hawakusemezana, lakini walikuwa wanatungiana nyimbo. Nilikuwa nimerekodi mambo mengi maishani, ila sikuwa nimewahi kuona kitu kilichokufa kikianza kupumua kwa njia ya kutukanana.

Lakini mbeni yenyewe ilikataa. Nilimwekea Ngumbau sauti ya ngoma ya Mulwa, apulize juu yake. Mwanzo ulikwenda vizuri. Walipofika kwenye ule, filimbi na ngoma viliachana. Tukajaribu tena, vikaachana tena.

"Hii ngoma yako haina macho," alisema Ngumbau, akaisukuma kompyuta. "Haisubiri. Inapita kama gari moshi."

Nilimwelewa nusu. Nilifikiri ni lawama zile zile za kukimbizwa. Katika kazi yetu tumezoea kuchukua sauti leo, picha kesho, kisha kwenda kuzishona chumbani kwa kuhariri. Nilikuwa na uhakika kwamba hata hii itashonwa. Sikilizeni vizuri hapa: kuna vitu vinavyoshoneka, na kuna vitu vinavyozaliwa vikiwa vimeshikana. Ukivitenganisha ili uvirekodi vizuri, utarekodi vizuri vitu viwili ambavyo havipo.

Upande wa vijana tulikuwa na bahati kubwa. Muthama, mwendesha bodaboda wa stendi ya Migwani, alikuwa na wenzake, wasichana kwa wavulana, waliokuwa wakijirusha na kujirekodi kwa simu. Nilimleta kwa Ngumbau aonyeshe. Akapinduka nyuma, akapinduka mbele, akatua kwa mguu mmoja akitabasamu.

"Umau, babu yangu, si hiyo ni noma?"

Mzee alimtazama juu hadi chini. "Unaruka vizuri kama panzi. Lakini panzi haruki na wimbo."

"Basi niimbie."

"Mwenye ngoma amekwama Sultan Hamud," alisema mzee, na hakuongeza tusi. Nililigundua hilo. Shavu lilikuwa limevimba tena.

Kanini naye aliliona shavu. Alipiga simu Kitui mjini mbele yangu, akaweka miadi ya kung'oa siku ya Jumatatu, na hakuna aliyembishia, hata mimi.

Nikaendesha hadi Sultan Hamud, safari ndefu ya kuzunguka kupitia Machakos. Mara hii sikupeleka tusi. Mulwa alinyoosha shingo kutazama kamera.

"Amesema nini leo, fisi huyo?"

"Hajasema kitu. Jumatatu wanang'oa meno."

Alikuwa anakaza spoku za gurudumu. Akaendelea kukaza. Aliligeuza gurudumu, akaliangalia kama limenyooka, akaligeuza tena, ingawa lilikuwa limenyooka tangu mwanzo.

"Anaumwa?"

"Sana. Amevumilia ili watoto waone ule."

"Mjinga," alisema taratibu. Kisha akaniashiria niwashe kamera, na akasema ujumbe mfupi kuliko yote niliyobeba. "Ngumbau. Kama meno yako yanatoka, yatoke mbele yangu. Nakuja Jumamosi."

Nilipouonyesha ujumbe huo Migwani, mzee aliomba kuuona tena. Halafu akaomba maji ya chumvi.

Siku ya Jumamosi vijana wa bodaboda walileta mchanga kutoka mtoni, wakaumwaga uwanjani nyuma ya soko ili wanaotua wasivunje miguu. Habari ilikuwa imetangulia. Wauza maembe walifunga, wauza nguo walifunga, na hata wale waliosema hawana haja na mambo ya zamani walikuja kuhakikisha kwamba hawana haja. Mulwa alishuka garini na ngoma yake begani. Ngumbau alikuwa kwenye kiti chini ya turubai, na kitambaa shavuni.

Wote tulisogea kuona watasalimianaje.

"Wakya," alisema Mulwa, akitoa salamu ya Kikamba.

"Aa," alijibu Ngumbau. "Umezeeka."

"Wewe umevimba."

"Ni upande mmoja. Wewe umevimba pande zote."

Umati ukacheka, nao wakaingia kazini. Ngoma ikaanza, filimbi ikaingia juu yake, na wazee walioketi wakaanza kutikisa mabega bila kujua. Muthama na wenzake walishika hatua za mwanzo haraka. Kisha wakafika kwenye ule, na filimbi na ngoma vikaachana, pale pale vilipoachana kwenye kompyuta yangu.

"Umeanza!" Ngumbau alitema filimbi. "Unakimbia!"

"Ni wewe uliyelala! Filimbi inangoja nini, barua?"

"Ngoma inafuata filimbi!"

"Tangu lini? Filimbi inafuata ngoma!"

Wakajaribu tena, wakaachana tena, wakasimama wakitazamana na ngoma ile katikati yao. Kanini alinitazama. Watu wakaanza kunong'ona. Nilimwona mzee akishika shavu kwa mikono miwili, na nikasema moyoni, hapa ndipo itakapovunjika mara ya pili, na mara hii hakuna atakayebaki wa kuilaumu.

Sasa sikieni nilikuwa nimesimama wapi. Ningekuwa na kiburi cha miaka yangu ya kwanza, ningekuwa karibu, nikiwavizia wazee machozi yao. Nilikuwa mbali, nimeifungua picha pana, wazee wawili upande mmoja na mchanga wote mbele yao. Ngoma ina watu wengi. Ukimkaribia mmoja, umewafukuza wengine.

Muthama alichoka na ubishi. Wazee wakiwa bado wanarushiana maneno, mikono ya Mulwa ikipapasa ngozi kwa hasira na filimbi ikiwa imerudi mdomoni mwa Ngumbau kwa mazoea, yule kijana akakunja magoti chini kabisa, karibu kukaa, na akaruka bila kuitwa na mtu.

Ngoma ilipiga. Filimbi ililia. Alitua. Vyote vitatu vilikuwa kitu kimoja.

Wazee wakaacha kubishana.

"Rudia," alisema Mulwa.

Mimi sikusema. Angalieni hilo, mimi sikusema! Muthama akakunja magoti, akaruka, na ngoma na filimbi vikampokea chini kama mikono miwili ya mama. Akaruka mara nyingine, na ikawa vile vile. Mulwa akaweka kiganja juu ya ngozi ya ngoma, akaizima.

"Ngumbau. Siku ile. Ulikuwa unaangalia nini?"

"Nini?"

"Macho yako yalikuwa wapi?"

Ngumbau alifikiri. "Kwenye magoti ya Kilonzo. Nilipuliza alipokunja. Na wewe?"

"Magoti ya Kilonzo."

Wakatazamana. Nilikuwa nikiwaona wote wawili ndani ya picha yangu, na kati yao kijana mwenye mchanga hadi kwenye nywele, asiyeelewa amefanya nini.

"Kwa hiyo alikunja vibaya," alisema Ngumbau polepole. "Wewe ukaona mkunjo wa kwanza, mimi nikaona wa pili."

"Alisita. Kilonzo alisita!"

"Na akakaa kimya!"

"Miaka yote ile tumenuniana, na mwenye kosa amelala Kanyangi, amejifunika vizuri!"

Ngumbau alicheka hadi akalia kwa maumivu ya jino, akashika shavu, akaendelea kucheka. Mulwa aliinama juu ya ngoma yake, mabega yakitikisika. Wazee wote walioujua mkasa ule walikuwa wamesimama wakipiga mapaja. Hakuna ngoma iliyokuwa inafuata filimbi, wala filimbi iliyokuwa inafuata ngoma. Zote mbili zilikuwa zinamtazama mtu anayeruka. Ndiyo maana sauti yangu ya kompyuta, safi na isiyo na mkwaruzo hata mmoja, haikufaa kitu. Haikuwa na magoti ya kuangalia.

Baada ya hapo walicheza. Sitawaelezea, kwa kuwa filamu ipo na mnaweza kuitazama. Nitasema tu kwamba msichana mmoja anayeuza mkaa pale Migwani aliruka juu kuliko Muthama, kwamba Kanini aliyekuja kulinda meno ya baba yake alionekana akiruka pembeni na viatu vya kanisani, na kwamba ule niliusikia ukiitwa kwa jina lake na watu waliokuwa wameuona kwa macho yao, watoto wakiwemo. Jumatatu tulikwenda na Ngumbau mjini. Meno yalitoka. Filimbi alikuwa ameshamkabidhi yule msichana muuza mkaa, pamoja na onyo kwamba asiinyonye kama pipi.

Tuliionyesha filamu Migwani kwenye ukuta wa soko, kisha Sultan Hamud kwenye ukuta wa duka la Mulwa. Huko vijana waliitazama, wakaitazama tena, na wakasema sisi hatuwezi kushindwa na watu wa Migwani. Wakamwomba mzee wa vipuri awafundishe. Basi hivyo ndivyo kazi yetu inavyofaulu: si kwa kupigiwa makofi. Hufaulu mtu anapotoka mbele ya picha yako akiwa na hasira ya kufanya vizuri zaidi.

Hivi majuzi watu wa Migwani wakanialika. Sultan Hamud walikuwa wamekuja Migwani kushindana, na nilikwenda mikono mitupu kwa mara ya kwanza maishani mwangu. Nilikaa kwenye benchi pamoja na akina mama wenzangu. Nilitafuta kwa mazoea ya zamani nani anarekodi, nikaona simu zote zimerundikwa kwenye kikapu kimoja kando ya uwanja, kwa sababu kila mwenye simu alikuwa anacheza.

Walitukanana vizuri. Migwani waliwaita wenzao mizigo iliyosahauliwa na gari moshi. Sultan Hamud wakawaita wenyeji wao kunde za kulimwa bila mvua. Kisha muuza mkaa, filimbi mkononi, akageuka akanitazama mimi, na kikundi chake kikaanza ubeti mpya ambao sikuwahi kuusikia:

*Mama wa kamera, umetutazama sana,*
*jicho moja umefunga, lingine ni la kioo.*
*Kila harusi umekula, ngoma hujacheza,*
*miguu yako umeiazima kwa nani?*

Uwanja mzima uligeuka. Mnajua desturi: aliyetajwa kwenye wimbo hujibu, na asiyejibu ameshindwa. Mulwa alikuwa ameshabana ngoma, anangoja. Ngumbau, kinywa kitupu kama cha mtoto mchanga, alipiga kelele, "Mwiitu, umekufa?"

Maisha yangu yote nilikuwa nimesimama upande huu wa mchanga. Nilivua viatu vyangu vizuri vya soli nene, nikaviacha chini ya benchi, nikatembea hadi katikati, na Mulwa akashusha macho yake kwenye magoti yangu.

Nikayakunja.